Haki ya Kutazama

Marereni ni mji mdogo ulio kando ya barabara itokayo Malindi kwenda Garsen. Mgeni apitaye huko huona kwanza marundo meupe ya chumvi, kisha mabwawa ambamo maji ya bahari huachwa yakaukie kwa jua na upepo. Akipita tena Jumamosi jioni ataona jambo la pili. Ataona vijana waliotoka kazini wakielekea kwenye ukumbi wa mabati, kila mmoja ameshika sarafu mkononi. Ndani mna televisheni moja, mabenchi ya mbao, na joto la kumtoa mtu roho. Humo ndimo wengi wa watu wa mji ule wautazamapo mpira wa miguu unaochezwa saa ileile London, Manchester au Nairobi.

Nataka, msomaji, tuzungumze juu ya sarafu ile: yanunua nini, na ni nani aliyeamua kwamba Jumamosi itatosha na Jumapili haitatosha.

Nasema hivyo kwa sababu Jumapili moja nilikuwamo ukumbini humo. Mwenye ukumbi alikuwa amekwisha lipa ada yake ya mwezi, na watu wamekwisha lipa kiingilio. Saa ya mchezo ilipowadia, kioo kilionyesha maandishi tu: mchezo ule haukuwamo katika fungu alilonunua. Mtu yule mwungwana alirudisha fedha, sarafu kwa sarafu. Hapakuwa na ugomvi. Kijana mmoja aliuliza tu, "Kwani mpira wa leo ni wa nani?"

Kwa sheria, mpira wa leo ni wa aliyeununua. Wenye ligi huifunga michezo yao katika mafungu, wakaiuza nchi kwa nchi, au kundi la nchi kwa pamoja, kwa muda wa miaka kadhaa. Mnunuzi hapewi ruhusa ya kuonyesha tu. Hupewa na haki ya kumzuia kila mtu mwingine asionyeshe. Hiyo ya pili ndiyo aitoleayo fedha nyingi. Wakati mnunuzi alipokuwa mmoja kwa kila nchi, watu walilalamika, na walikuwa na haki ya kulalamika. Ndipo wakatokea wenye hekima wakasema: gawanyeni mafungu kwa watangazaji wengi, ushindani utaingia, na bei itashuka. Maneno hayo husemwa mpaka leo, na husemwa kwa nia njema. Mimi nayapinga.

Chukua chumvi ya Marereni. Chumvi ileile yauzwa katika duka la Gongoni, la Malindi na la Kilifi. Mwenye duka akipandisha bei, mama mwenye chungu motoni huvuka barabara akanunua kwa jirani. Huo ndio ushindani. Sasa fikiri itolewe amri kwamba duka la kwanza litauza chumvi ya Jumamosi, la pili chumvi ya Jumapili, na la tatu chumvi ya siku za kazi, na kwamba ni kosa duka moja kuuza chumvi ya siku ya mwenzake. Maduka ni matatu, lakini mama yule ana hiari gani? Hana wauzaji watatu wanaomgombania. Ana mabwana watatu, kila mmoja na siku yake, na kila mmoja adai ada kamili. Hali yake ya kwanza, alipokuwa na bwana mmoja, ilikuwa nafuu.

Haya si mawazo matupu. Yamekwisha jaribiwa. Huko Uingereza ligi kuu iliyoanzishwa mwaka 1992 iliuza michezo yake ya televisheni kwa mnunuzi mmoja hata Tume ya Ulaya ikaingilia kati. Kwa mapatano ya wakati huo, tangu mwaka 2007 hapana mtangazaji mmoja aliyeruhusiwa kununua mafungu yote. Mafungu yalikuwa sita. Kampuni ya Setanta ikapata mawili. Mtazamaji wa Uingereza aliyezoea kulipa ada moja akaanza kulipa mbili. Je, bei ilishuka? Haki za miaka mitatu tangu 2007 ziliuzwa kwa pauni bilioni 1.7 hivi, na haki za miaka mitatu tangu 2016 zikauzwa kwa zaidi ya pauni bilioni 5. Fedha hizo hazikuanguka kutoka mbinguni kama mvua ya masika. Zilitoka katika mifuko ya watazamaji.

Afrika yetu nayo haikukosa fungu lake la somo hili. Mwaka huohuo wa 2007 kampuni changa iitwayo GTV iliingia Kenya na nchi nyingine za bara hili, ikiwa imenunua sehemu kubwa ya michezo ya Uingereza. Sehemu nyingine ikabaki kwa SuperSport. Watu walishangilia. Bei za GTV zilikuwa chini, na wengi walinunua king'amuzi cha pili wakakiweka juu ya kile cha kwanza. Mwishoni mwa Januari 2009 GTV ilifilisika na matangazo yake yakakatika. Ving'amuzi vyake vikawa masanduku ya kuwekea kitambaa cha mezani. Mwezi Juni mwaka uleule Setanta nayo ilianguka Uingereza. Kampuni mbili, katika mabara mawili, zilinunua haki kwa bei ambayo walipaji wao hawakuweza kuirudisha. Na ni kawaida ya mnada wa vitu vya pekee kwamba mshindi ni yule aliyezidisha hesabu kuliko wenzake.

Atatokea mtu aniambie: wewe wataka mpira wa bure, na mpira wa bure haumlishi mchezaji. Neno hili lina uzito, wala sitalipuuza. Ligi yetu ya Kenya ilionja tamu ya fedha za televisheni wakati SuperSport ilipokuwa ikiionyesha, ikaonja na uchungu mwaka 2017, ligi ilipoongezwa kutoka timu 16 hadi 18 na kampuni hiyo ikajitoa. Ndugu zetu wa Tanzania walitia sahihi mwaka 2021 mkataba wa miaka 10 na Azam Media wenye thamani ya shilingi bilioni 225.6 za Kitanzania, na hapana mtu mwenye akili atakayewaambia wazirudishe. Sisi nasi mwaka 2023 tuliingia mkataba wa miaka 7 na Azam hiyohiyo. Mchezaji hana budi kulipwa, na atakayemlipa hana budi kupata kitu.

Lakini tazama jinsi hoja hiyo inavyotumiwa. Hutolewa kwa ajili ya timu zetu, kisha hutumika kulinda haki za ligi ya Uingereza. Sarafu ya kijana wa Marereni ikinunua mchezo wa London, hailimi uwanja wa Marereni. Haimnunulii kipa wa Magarini glavu. Kwa hiyo yafaa tutenganishe vitu vinavyochanganywa kwa makusudi. Mpira wa ugenini ni bidhaa ya ugenini. Muuzaji na auze, mradi auze kama chumvi iuzwavyo, mchezo mmoja kwa watangazaji wawili au watatu, wagombane kwa bei, kwa lugha ya utangazaji na kwa uzuri wa picha. Bei ya mnada itapungua? Itapungua, naam, na watakaoumia kwanza ni watu wenye uwezo wa kuumia.

Hapa niruhusu nitoke njiani kidogo. Waingereza wenyewe hawaruhusu michezo ya saa tisa alasiri ya Jumamosi itangazwe moja kwa moja katika nchi yao. Tangu miaka ya 1960 wamefunga muda huo ili watu wasikae nyumbani wakaviacha viwanja vya timu ndogo vitupu. Matokeo yake ni kichekesho: mchezo usioonekana Manchester waonekana Marereni, saa kumi na moja au kumi na mbili jioni kwa kadiri ya majira, saa ileile ambayo vijana wetu wangekuwa uwanjani wakicheza au wakitazama wenzao. Walilinda viwanja vyao. Vyetu havikulindwa na mtu. Wala sisemi tuige katazo lile. Nasema tu kwamba walioibuni biashara hii walijua tangu mwanzo kuwa haki ya mwenye mali ina mpaka, na mpaka huo huwekwa na watu.

Ligi yetu wenyewe ni jambo la namna nyingine. Thamani yake haimo katika kufichwa. Timu isiyoonekana haina wapenzi, na isiyo na wapenzi haina mfadhili. Miaka ya redio, sauti ya Leonard Mambo Mbotela, aliyetutoka mwaka 2025, ilifika popote palipokuwa na betri na waya, na hapana aliyeulizwa ada ya mwezi. Ndiyo sababu mzee wa pwani ambaye hakupata kukanyaga Nairobi aliweza kukutajia wachezaji wa Gor Mahia iliyotwaa kombe la Afrika mwaka 1987 kana kwamba ni wapwa zake. Ninavyoona mimi, mkataba wowote wa ligi yetu ungepaswa kuacha walau mchezo mmoja wa kila juma kwa televisheni isiyolipiwa. Mtangazaji aliyenunua hatapoteza; mchezo huo mmoja utampelekea wateja wa michezo mingine.

Timu ya taifa, hata hivyo, haifai kabisa kuwekwa mnadani pamoja na hizo nyingine. Jezi yake ni ya bendera. Safari zake hulipiwa na hazina ya umma, na hazina hiyo hujazwa hata na kodi ya sukari anunuayo kibarua wa mabwawa ya chumvi. Je, ni haki mtu alipie timu iende, kisha alipie tena ili aione ikicheza? Afrika Kusini iliandika katika sheria yake ya mawasiliano ya mwaka 2005 kwamba watangazaji wa kulipiwa wasinunue haki za pekee zitakazozuia au kukwamisha michezo ya taifa isitangazwe bure. Uingereza yenyewe ina orodha ya namna hiyo: fainali za Kombe la Dunia zimo. Nimeuliza vibarazani mwetu na vyumbani mwa walimu nani aweza kunitajia orodha yetu ya Kenya, na sijapata mtu. Orodha ambayo mwananchi haijui haimsaidii siku kioo kinapoandika maneno badala ya picha.

Wala tusidhani mambo haya huamuliwa mchana kweupe. Shirikisho la Afrika, CAF, lilitia sahihi mwaka 2015 na kampuni ya Lagardère ya Ufaransa mkataba wa kuuza haki zake kwa miaka 12, tangu 2017 hadi 2028. Tume ya Ushindani ya COMESA, jumuiya ambayo Kenya ni mwanachama wake, ikauchunguza, na mwaka 2019 CAF yenyewe ikauvunja. Januari 2024, Kombe la Afrika lilipokuwa likikaribia kuanza Ivory Coast, haki za nchi zilizo kusini mwa Sahara zilikuwa mikononi mwa New World TV ya Togo. MultiChoice iliwatangazia wateja wake kwamba haitalionyesha, kisha siku chache baadaye ikasema italionyesha. Watanzania, ambao timu yao ilikuwamo, walikaa siku hizo hawajui kama king'amuzi walichokilipia kitawaonyesha wana wao. Mwaka 2025 MultiChoice nayo ikaingia mikononi mwa Canal+ ya Ufaransa. Wenye haki hubadilika, wauzaji hubadilika, anayetazama haulizwi.

Narudi kwa mwenye ukumbi wetu. Mtu huyu huitwa mwizi, kwa kuwa king'amuzi cha nyumbani hakikuruhusiwa kuonyesha watu mia. Kwa herufi ya sheria amekosa. Lakini mkosaji huyu ndiye aliyefanya kazi ambayo watangazaji wote wenye leseni hawakuifanya: aligawanya ada isiyowezekana kwa mtu mmoja ikawa sarafu inayowezekana kwa kila mmoja. Badala ya kumvizia na askari, angeuziwa kibali cha ukumbi kwa bei inayolingana na mabenchi yake. Huko Portsmouth, mwenye baa aitwaye Karen Murphy alishtakiwa kwa kuonyesha ligi ya Uingereza kwa king'amuzi cha Ugiriki kilichokuwa rahisi zaidi. Alikwenda mpaka Mahakama ya Ulaya, ambayo mwaka 2011 ilisema kumkataza mtu wa nchi moja ya Ulaya asinunue king'amuzi cha nchi nyingine ni kinyume cha sheria za soko lao, na mwaka 2012 hukumu yake ikafutwa. Mwanamke mmoja mwenye baa aliwauliza wakubwa swali, na wakalazimika kujibu.

Wewe usomaye haya darasani waweza kuuliza pia, na una wakati maalumu wa kuuliza. Mwaka 2023 CAF ilizikabidhi Kenya, Uganda na Tanzania kwa pamoja fainali za Kombe la Afrika za mwaka 2027. Viwanja hujengwa na kukarabatiwa kwa fedha za umma. Kutoka Marereni mpaka Kasarani ni safari ya usiku kucha kwa basi, na nauli yake, kwenda na kurudi, ni chakula cha nyumba kwa siku nyingi. Mtazamaji wa Marereni atayaona mashindano hayo kwenye kioo au hatayaona. Mwandikie mbunge wako, iandikie wizara ya michezo, uliza mambo mawili tu: ni michezo mingapi ya Harambee Stars itakayoonyeshwa bila malipo, na je, ukumbi wa mabati utaruhusiwa kuiwasha. Taka jibu lenye idadi na tarehe.