Hofu si Woga

Hofu ni tahadhari ambayo Mwenyezi Mungu ameitia katika kila nafsi ili mja aitambue hatari kabla haijamfikia, na woga ni kuitii hofu hiyo hadi mtu akauacha wajibu wake. Qurani, katika Sura Taha, inaeleza kwamba Nabii Musa aliingiwa na hofu moyoni alipoziona kamba na fimbo za wachawi wa Firauni zikionekana kama zinakwenda. Lakini alipoamrishwa kuitupa fimbo yake aliitupa, wala hakuna muumini anayethubutu kumwita mwoga.

Kwa hiyo inaudhi kuwaona watu wazima, waungwana wenye akili zao na swala zao, wakimcheka abiria anayemwomba dereva apunguze mwendo. Basi limejaa hadi mlangoni, dereva analipita lori kwenye kona asikoona mbele, mama aliyempakata mtoto anapaza sauti, na kijana wa viti vya nyuma anamjibu kwamba kama anaogopa ashuke atembee. Waliobaki, ambao mikono yao imeng'ang'ania viti, wananyamaza. Mama huyo ameogopa akasema. Wao wameogopa mara mbili, kifo na kicheko, na kati ya viwili hivyo wakaona heri kifo. Na si barabarani tu: meli ya MV Spice Islander I, iliyozama kati ya Unguja na Pemba Septemba 10, 2011, ilikuwa na idhini ya kubeba watu wasiofika 700, nayo ilipakia wengi kupita kiasi hicho, ilhali meli iliyojaa kupita kiasi haijifichi gatini.

Wapo wanaojikinga kwa methali isemayo kwa mwoga huenda kicheko na kwa shujaa huenda kilio, kana kwamba wahenga waliitunga ili watu wafumbe vinywa penye dhuluma. Wahenga hao hao walisema heri kufa macho kuliko kufa moyo.

Na wazazi nao wasijitoe katika lawama hii, kwani ndio wanaoupanda woga mapema. Mtoto akikataa uji hutishwa kwamba askari anakuja kumkamata, na akilia usiku huambiwa zimwi liko nje; kisha akibalehe hutakiwa awe shujaa, tena hukaripiwa akitoa chozi. Mtoto aliyelelewa hivyo, siku akipotea sokoni, humkimbia askari yule yule ambaye angemrudisha kwao.