Kwanza Tuonyeshwe Shimo

Ndugu zangu wanaosifu umeme wa nyuklia kwa sababu hautoi moshi wana hoja, wala sibishani nao juu ya moshi. Nauliza juu ya mabaki. Kumbukumbu la Torati, sura ya 23, inamwagiza askari wa Israeli abebe kifaa cha kuchimbia na kufukia kinyesi chake, maana Bwana hutembea kambini. Hakuambiwa awaachie watakaopiga kambi baada yake.

Leo dunia ina vinu vya nyuklia zaidi ya 400. Marekani, yenye vinu vingi kuliko nchi yoyote, ilitunga sheria mwaka 1982, na serikali ikaahidi kuanza kuyachukua mabaki ya fueli mwaka 1998. Haijayachukua. Tani zipatazo 90,000 zimekaa, nyingi palepale vinuni, katika mabwawa ya maji na makasha ya chuma na zege. Plutoniamu iliyomo huchukua miaka 24,000 kupungua nusu. Nusu tu! Ufini angalau imechimba: Onkalo, zaidi ya mita 400 chini, ndani ya mwamba.

Basi anayetaka kujenga kinu kipya atuonyeshe kwanza shimo lake. Asituambie kwamba wajukuu watalichimba.