NEMBO SI USHENZI



Sokoni hapa Kashaulili nimewasikia vijana waliosoma wakimcheka bibi wa Kimakonde kwa chale za usoni mwake. "Ushenzi huo," walisema. Neno hilo nani alilitumia kutudharau? Ni mkoloni yule yule!

Mwaka 1906 Mjerumani Karl Weule alifika kusini kwetu, akawapiga picha wanawake wenye nembo, zikatazamwe na Wazungu wenzake. Lakini Mmakonde alichanjwa kwa kisu, akapakwa mkaa, akavumilia. Nembo ikasema: huyu ni wetu, na maumivu ameyaweza. Nembo hizo hizo wachongaji huzitia katika vinyago vya mapiko.

Kinyago cha Kimakonde kilichoibwa mwaka 1984 katika Makumbusho ya Taifa kilirudishwa kutoka Uswisi mwaka 2010, tukafurahi. Je, tuuheshimu uso wa mti na kuucheka uso wa mama?

Sisemi tuwachanje watoto wetu. Zama hizo zimepita. Nasema, walimu wenzangu, wapelekeni wanafunzi kwa wazee hao wakaandike maana ya nembo zao kabla hawajatutoka. Taifa linaloona haya uso wa bibi yake bado halijajitawala.