Ufunguo ukivuja, sema mapema

Mwezi uliopita mama yangu mdogo alinipigia simu saa nne usiku. Yeye ni mweka hazina wa kikoba cha wanawake mtaani kwao. Simu ya kikoba hukaa kwake, na namba ya siri alikuwa ameihifadhi humohumo, kwenye orodha ya majina, akaiita "Shangazi wa Siri". Kijana mmoja wa ukoo aliyekuja kutembea aliiona, akatoa shilingi 180,000.

"Mwanangu, nizibe pengo kimyakimya au niwaambie wenzangu?"

Nikamsimulia yaliyoipata kampuni ya Uber. Mwaka 2016 wadukuzi waliingia mahali wahandisi wake walipohifadhi kazi yao, wakakuta ufunguo wa siri umeachwa humo. Wakaufungulia taarifa za abiria na madereva milioni 57. Huo ulikuwa uzembe. Kilichofuata kilikuwa kibaya zaidi: wadukuzi walilipwa dola 100,000 ili wanyamaze. Umma uliambiwa Novemba 2017, baada ya mkurugenzi mpya, Dara Khosrowshahi, kushika usukani. Mwaka 2022 aliyekuwa mkuu wa usalama alitiwa hatiani nchini Marekani kwa kuficha tukio hilo.

Sisi tunaoandika habari za afya tunaujua msemo huu: mficha maradhi, kifo humuumbua.

Kinga yenyewe si ngumu. Mtengenezaji makini wa programu hauweki ufunguo ndani ya programu inayopakuliwa kwenye simu za watu, kwa kuwa mjuzi anaweza kuifungua na kuusoma. Huuacha kwenye seva yake. Ukivuja, anaubadilisha siku hiyohiyo. Nasi nyumbani tufanye vivyo hivyo. Usiandike namba ya siri ndani ya simu. Usitumie mwaka wa kuzaliwa. Usimtajie mtoto unayemtuma dukani. Na ukihisi imejulikana, ibadilishe kwanza, lawama baadaye.

Mama mdogo aliibadilisha usiku ule. Jumamosi akasimama mbele ya wenzake, akaeleza yote, akaahidi kulipa kwa miezi mitatu. Walimsema sana, na mmoja alitoka nje kwa hasira. Kisha wakapanga upya: simu ikae kwa mwingine, namba ya siri abaki nayo yeye.

Namba mpya wamemwachia yeyeyule aliyesema ukweli.