Ada ya Pasipoti, Lipa Mwenyewe

Pasipoti ni yako, jina ni lako, picha ni yako. Sasa kwa nini pesa zipitie kwa simu ya mtu mwingine?

Tunauliza kwa sababu mtindo huu umezoeleka. Mtu amepata kazi Qatar, chama kimemkopesha, ndugu wamechanga. Anaingia saiba, anaambiwa, "Tuma kwa namba yangu, nitakulipia." Anatuma. Wiki mbili baadaye hajapata tarehe ya kuchukuliwa alama za vidole, na yule kijana hashiki simu. Kazi Qatar haimngoji, na deni la chama liko palepale.

Hatusemi watu wa saiba ni wezi. Wengi wanafanya kazi safi. Kama fomu inakushinda, akusaidie kuijaza na umlipe jasho lake. Ila akaunti ya eCitizen ifunguliwe kwa namba na barua pepe yako, na ada ya serikali ilipe mwenyewe. Hapo hatulegezi.

Wala si ngumu. Tangu 2023, serikali ilielekeza malipo ya huduma zake yapitie eCitizen, Paybill 222222. Ukimaliza kujaza ombi, unapewa kiasi cha kulipa na namba ya kuandika kwenye akaunti. Pasipoti ya kawaida ya kurasa 34 ni Sh7,500, na eCitizen huongeza Sh50. Usiandike jina lako pale kwenye akaunti, wala namba ya rafiki aliyelipa juzi. Kila ombi lina namba yake. Ukiandika ya mwingine, umemlipia yeye. Kabla ya kuweka PIN, soma tena pole pole: Paybill, akaunti, kiasi.

Kisha usiishie kwa SMS. Ujumbe wetu unathibitisha kwamba pesa zimetoka kwako. Kuwa zimeingia kwenye ombi lako, hilo utaliona ndani ya eCitizen. Ingia uangalie, na uhifadhi risiti.

Wengine watasema broka anaharakisha mambo. Jiulize: hiyo pesa ya kuharakisha inaonekana wapi kwenye eCitizen? Kama haipo pale, si ada. Ni pesa ya mfukoni mwa mtu, na siku ikipotea hutakuwa na risiti ya kuonyesha Nyayo House wala popote.

Na kama unamlipia mama aliye kijijini, sawa kabisa. Usimtumie mtu wa kati. Lipa moja kwa moja kwa Paybill ukitumia namba ya ombi lake, kisha umsomee ujumbe wa malipo.

Ukigundua umekosea namba, tupigie saa hiyo hiyo, usingoje kesho. Lakini dakika moja ya kusoma kabla ya PIN inashinda siku nzima ya kufuatilia pesa.