Tukifika Ibo Tuwasikilize Wazee

Bwana Mhariri, wengi wetu wanafunzi tukifika kisiwani Ibo kwa safari ya siku moja humwacha mwongozaji akisema peke yake na kukimbilia kuoga. Nionavyo mimi, tunakosea. Ngome ya São João Baptista, ile yenye umbo la nyota iliyojengwa mwaka 1791, siyo pambo la kupigia picha. Humo serikali ya Wareno iliwafunga wapinzani wake kabla ya uhuru wa 1975. Wenyeji waliokuwapo siku hizo ni wazee sasa. Mawe yatatungoja, wao hawatatungoja. Basi ndugu zangu, tuchukue daftari, tuwaendee kwa adabu, tuwaulize na kuandika. Mashua ya kurudi Tandanhangue hungoja maji kujaa. Nafasi ya kuoga haitakosekana.