Uhamisho: Nani Aweza Kwenda Kortini?



Hakuna barua inayomtia hofu mtumishi wa Serikali kama barua ya uhamisho. Yaja Ijumaa, nayo yamtaka aripoti Jumatatu mahali asipopajua, hali watoto wako shuleni na mzee mgonjwa yuko nyumbani. Serikali ina haki ya kuwahamisha watumishi wake, na sisi hatubishi. Lakini uko uhamisho wa kazi, na uko uhamisho wa kumkomoa mtu kwa sababu alisema kweli, au kwa sababu ni katibu wa tawi.

Wanachama wengi hutuuliza: mtu akionewa hivyo, nani ana haki ya kushtaki? Ni yeye peke yake, au hata Chama?

Zamani jibu lilikuwa chungu. Mwaka 1989 Wangari Maathai alikwenda Mahakama Kuu kuzuia jumba la ghorofa 60 lisijengwe katika Uhuru Park, Nairobi. Kesi yake ilitupwa kwa kuwa, ilisemwa, jambo lile halikumdhuru yeye kuliko watu wengine. Ubaya wa jambo lenyewe haukupimwa. Alifungiwa mlangoni.

Katiba ya mwaka 2010 iliufungua mlango huo. Kifungu cha 22 chasema kila mtu aweza kwenda kortini haki yake ikivunjwa. Tena mtu aweza kwenda kwa ajili ya mwenzake asiyeweza kujisemea, kwa ajili ya kundi, au kwa faida ya watu wote. Na chama chaweza kwenda kwa ajili ya mwanachama wake, hata akiwa mmoja tu. Kufungua kesi ya namna hiyo hakutozwi ada. Haki zenyewe ziko katika Kifungu cha 41, kinachotaka wafanyi kazi watendewe haki kazini, na Kifungu cha 47, kinachompa haki ya kuelezwa sababu kwa maandishi mtu aliyeumizwa na uamuzi wa wakubwa.

Lakini tusidanganyane. Kuingia kortini si kushinda. Mwaka 2013, katika kesi ya Mumo Matemu, Mahakama ya Rufani ilikubali kwamba shirika la raia lilikuwa na haki ya kupinga uteuzi wa mkubwa wa tume ya kupambana na ufisadi. Hata hivyo shirika hilo lilishindwa, na mkubwa yule akabaki na cheo chake. Katika uhamisho ni vivyo hivyo. Jaji hatauliza kama kituo kipya ni kibaya. Atauliza kama sheria ilifuatwa, kama kulikuwa na sababu ya haki, na kama kuna chuki. Hayo yataka ushahidi.

Kwa hiyo, ndugu, barua ikija fanya haya. Iweke, na uandike siku uliyoipokea. Omba sababu kwa maandishi. Kata rufaa kwa wakubwa wako kwanza, kwa maana sheria ya mwaka 2015 juu ya maamuzi ya wakubwa yataka njia za ndani zimalizwe kabla ya korti. Lete nakala zote katika tawi siku ile ile, si baada ya miezi mitatu. Wala usikatae kuripoti kwa shauri lako mwenyewe, maana kukosa kazini bila ruhusa kwaweza kukufukuzisha kazi, na kesi njema ikaharibika.

Twajua kwa nini wengi hunyamaza. Mtu huogopa jina lake lisomwe kortini dhidi ya mkubwa atakayemwandikia ripoti kesho. Ndiyo maana Katiba ilikitaja chama. Jina litakaloandikwa juu ya kesi laweza kuwa letu sote. Lakini Chama hakiwezi kumsemea mtu asiye mwanachama wake kana kwamba ni wake, wala kutetea barua kisiyoiona.

Kidole kimoja hakivunji chawa. Mlango u wazi; tuingie pamoja, na karatasi zetu mkononi.